Kopo la Furaha la Baba Mkwe

Nilikuwa na miaka minane ya ndoa na sijawahi kumsalimia baba mkwe wangu hata mara moja. Sisi Wanyakyusa ndivyo tulivyolelewa: mke wa mtoto hamtazami baba wa mumewe, wala hasemi naye. Ukimwona anakuja unaacha njia, unaingia migombani, unajifunika khanga mpaka apite. Vijana wa Tukuyu mjini walishaanza kuicheka mila hiyo, lakini kwetu Masukulu ilikuwa bado ina meno.

Hata hivyo, presha yake niliijua kuliko watoto wake. Nilikuwa nafanya kazi hospitali, dirisha la dawa. Kila mwezi mume wangu alileta kadi ya baba yake, nami nikavifunga vidonge kwenye bahasha ndogo na kuandika kwa herufi kubwa: kimoja asubuhi, kimoja jioni.

Mama mkwe alipofariki, mzee alizima. Aliacha kukamua ng'ombe, aliacha kanisa, akawa anashinda ndani mlango umerudishwa. Haukuwa uvivu wala uzee, ulikuwa ugonjwa, na pale hospitali hatukuwa na mtu wa kuutibu. Nakiri hilo, maana ndipo muuza dawa za makopo alipopenyea.

Miaka ile serikali ilikuwa imeruhusu biashara huria. Kila mwenye begi akawa mfanyabiashara na kila mwenye tai akawa daktari. Huyu wa makopo alikuwa anafanya mikutano Kiwira, na shemeji yangu akamleta mpaka nyumbani. Nilikuwa jikoni, nikamsikia kupitia ukutani.

"Mzee, hivi vidonge vya hospitali ndivyo vinavyoiua furaha yako. Viache kabisa. Hii ni mitishamba mitupu, haina madhara."

Na furaha ikaja kweli, sitadanganya. Wiki ya tatu mzee alikuwa anapogoa migomba na kuimba. Mume wangu alichekelea kama mtoto. Mwezi ule hakuleta kadi dirishani, na uliofuata pia hakuileta.

Siku moja mzee alipokwenda shamba, niliingia kufagia chumba chake, nikalisoma lile kopo. Mitishamba ilikuwamo, mmoja ni mzizi mtamu unaojulikana kwa kupandisha presha. Chini kabisa, kwa herufi za kuumiza macho, waliandika homoni ya kiume. Mitishamba mitupu! Mimi sidharau majani. Bibi yangu alituliza wengi kwa majani. Wapo pia wanaume wanaohitaji homoni, wakapimwa na daktari na wakapewa. Huyu mzee nani alimpima? Mtu wa presha, amenyang'anywa vidonge vyake, halafu anapewa vitu vya kuichochea!

Jioni nilimweleza mume wangu yote, nikamwambia amwambie baba yake neno kwa neno. Kesho yake nikamuuliza.

"Nimemwambia," akasema.

"Umemwambia nini?"

"Kwamba ile ya kopo awe anakunywa baada ya kula."

Nilitamani kumtupia mwiko. Hakutaka kuharibu furaha ya baba yake, basi akaikata habari yangu nusu, akabakiza ile nusu isiyomuudhi mtu.

Siku chache baadaye nilikutana na mzee njiani. Nikafanya nilichofunzwa: nikaingia migombani, nikashusha khanga usoni. Kwa chini ya khanga niliiona miguu yake. Ilikuwa imevimba, kandambili zimezama kwenye nyama. Alisimama, akashika mgomba, akapumua kwa shida. Nilikuwa na maneno yote mdomoni, hatua tatu tu kutoka kwake. Nikanyamaza. Akapita.

Jumapili alianguka. Upande wa kulia ukafa, na mdomo ukaenda pembeni. Mwenye tai tulimtafuta Kiwira tukaambiwa kahamia Mbeya. Nimemlaani mpaka nimechoka. Yeye, mgeni asiyejulikana kwao, alikaa kwenye kigoda cha mzee na kumshika mkono, na mimi niliyevihesabu vidonge vyake miaka yote nilikuwa nyuma ya ukuta.

Mzee alipotoka hospitali, mume wangu na shemeji hawakuweza kumlisha. Uji ulimwagika shingoni kila walipojaribu. Nikachukua kikombe na kuitoa khanga kichwani. Mume wangu akasimama mlangoni.

"Mama watoto, mila..."

"Toka mlangoni," nikamwambia, na akatoka.

Niliketi mbele ya mzee nikamtazama usoni. Nilifikiri atageukia ukutani, nami ningefurahi angenifukuza. Alimeza kijiko cha kwanza, akanitazama muda mrefu, akahangaika na ule mdomo uliopinda mpaka likatoka neno moja la nyumbani.

"Ndaga."

Ananishukuru! Nikaendelea kumlisha, na ile asante yake mpaka leo sijui niiweke wapi.