Kauã na Gereza la Shard End

Mke wangu Mwanakhamis hajawahi kutazama mechi hata moja mpaka mwisho, na mpaka leo mchezaji akianguka yeye huuliza kama kuna mtu kampelekea maji. Lakini mwulize nani kamtoa Kauã kwenye timu ya vijana mpaka akawa mchezaji wa kulipwa, atakwambia ni yeye. Mimi niliyeupenda mpira tangu sijaota meno niseme nini? Anasema kweli nusu. Nusu nyingine ni kwamba aliyekaribia kumrudisha Brazil ni huyohuyo.

Tunakaa Handsworth, mjini Birmingham, nyuma ya Soho Road, kwenye nyumba ya vyumba vitatu ambayo watoto wameikimbia. Muzamil yuko Leeds, dada yake kaolewa London, na wote wawili ukiwapigia simu kwa Kiswahili wanakujibu kwa Kiingereza. Nyumba ilikuwa kimya mpaka mke wangu akaanza kuongea na friji. Ndipo akasikia kuwa kuna klabu inatafuta familia za kuwalea vijana wake wanaotoka ng'ambo: chumba, chakula, na jicho la mzazi. Jina la klabu silitaji, sitaki maneno na watu. Mimi nilikubali kwa sababu za kimpira, yeye alikubali kwa sababu ya friji.

Akaja Pallavi, dada wa klabu anayeshughulikia makazi ya vijana, na nyuma yake kijana mrefu, mwembamba, masikio yamesimama, kakumbatia begi kama kuna mtu atamnyang'anya. Pallavi akamshika bega, akatuambia kwa Kiingereza: huyu ni Kauã.

Mke wangu akanivuta mkono pembeni. "Kaua?" akaninong'oneza. "Kamuua nani?"

"Ndilo jina lake."

"Mzazi gani anamwita mwanawe Kaua?"

"Mzazi wa Kibrazil. Mpe maji mtoto, Mama Muzamil."

Maji alimpa, ila jicho halikumtoka. Watu wa Bara husema "ameua". Sisi Unguja tunasema "kaua" tu, inatosha, na polisi wanaelewa. Kwa hiyo kila mtu alipomwita yule kijana kwa jina, mke wangu alikuwa anasikia mashitaka.

Habari zake tulizipata kidogo kidogo, kwa simu ya kutafsiri na kwa mikono. Alizaliwa mji mdogo huko Minas Gerais, mama yake mpishi wa skuli. Alipokuwa na miaka kumi na moja akachukuliwa na akademia ya klabu kubwa mjini, akawa analala bwenini chini ya jukwaa la uwanja, na siku za mechi vumbi la watazamaji linamdondokea kitandani. Alipofika kumi na sita wakawapanga ukumbini, wakasoma majina ya wanaoendelea. Lake halikusomwa. Akarudi nyumbani na begi lilelile, mama yake akampashia maharage. Akaenda kucheza klabu ndogo isiyojulikana hata na jirani zake. Huko siku moja akaja mzungu msaka wachezaji kumtazama mshambuliaji mwingine, lakini huyo mwingine tumbo lilikuwa linamwendesha, mechi nzima yuko chooni. Mzungu hakutaka nauli yake iende bure, akamtazama winga. Winga alikuwa Kauã. Ndivyo alivyofika Birmingham, kwenye kikosi cha walio chini ya miaka ishirini na moja, kwa msimu mmoja tu. Mwisho wa Mei klabu ingemwambia moja kati ya mawili: huu hapa mkataba wa kulipwa, au hii hapa tiketi ya ndege, ahsante kwa kuja.

Hilo ndilo lililomkosesha usingizi. Na mimi nilikuwa silali vizuri, maana nilishamwona akicheza. Yule kijana alikuwa na mguu wa kushoto ambao beki akiufuata anajikuta anatazama upande wa maegesho ya magari.

Sasa, lugha. Wiki ya kwanza mke wangu alikuwa anaandaa chakula, Kauã akagonga meza akasema, "Mesa." Mwanakhamis akaduwaa. Akanyanyua kopo. "Copo," akasema kijana. Mke wangu akaja mbio sebuleni. "Baba Muzamil, huyu anajua Kiswahili, anatuficha." Nikamwambia ni Kireno, Wareno walikaa kwetu wakatuachia maneno. Hakunisikiliza. Akamzungusha nyumba nzima. Bendera kwao ni bandeira. Parafujo la mlango parafuso, sapatu za miguuni sapatos, na kwenye leso walielewana bila tabu. Tangu hapo aliacha simu ya kutafsiri, akawa anamsemesha Kiswahili kutwa. Neno asilolielewa kijana lilirudiwa kwa sauti kubwa zaidi. Na ajabu ni kwamba walielewana, wakinicheka mimi mbele yangu.

Kila Jumapili asubuhi Kauã alikuwa anavaa shati lililopigwa pasi, anaondoka. Wenzake walikuwa wakienda uwanjani kunyoosha viungo, yeye haonekani, na kocha hakupendezwa. Mke wangu akamwuliza mlangoni, "Wapi, mwanangu?"

"Igreja, mama."

"Gereza?"

"Igreja," kijana akaitikia kwa furaha, akachanua vidole kuonesha kila wiki. "Shard End."

Mwanakhamis hakuniambia. Anasema mimi sina kifua, siri haikai kwangu. Aliniuliza tu jioni, kama mtu asiye na haja, eti Shard End kuna gereza? Nikamjibu gereza linalojulikana ni lile la huku karibu na kwetu Handsworth, huko Shard End, mwisho wa mji, nijuavyo ni majumba ya kupangisha ya baraza la mji na kibanda cha chipsi. Akasema, "Labda dogo." Nikadhani anazeeka. Nilichokiona ni kwamba sahani ya yule kijana iliongezeka nyama. Mke wangu alishajumlisha kichwani: jina kaua, Jumapili gerezani. Ama anakwenda kuripoti, ama kuna ndugu yake ndani. Na badala ya kumfukuza, akawa anampikia kama bwana harusi.

Mei ikaingia, Pallavi akaja kwetu. Wakubwa wanakaa kikao Alhamisi ya wiki ijayo, akasema, kocha anamtaka Kauã, kilichobaki ni maoni ya familia. Ana tabia gani? Kuna lolote linalotutia wasiwasi? Na Jumapili anakwenda wapi?

Mimi nilikuwa jikoni nachemsha chai. Mke wangu kashika tasbihi, na kwake yeye kusema uongo na tasbihi mkononi ni jambo la kwenda motoni bila kusimama njiani. Nikamsikia kwa Kiingereza chake, polepole, kila neno kalifuta vumbi: huyu ni mtoto mzuri sana, anaosha vyombo, anasalimia. Jumapili tu ndiyo anakwenda gerezani.

Kalamu ya Pallavi ikasimama. Kumtembelea mtu?

"Mimi siulizi," akasema mke wangu. "Nani hana ndugu?"

Nikatoka na sinia la chai, Pallavi kashasimama, anafunga mkoba wake. Alipoondoka nikamgeukia mke wangu. "Nani kakwambia anakwenda gerezani?"

"Kaniambia mwenyewe kwa mdomo wake. Nilikaa nalo moyoni miezi, Baba Muzamil. Wewe ungelitangaza Digbeth kazini kwako kabla ya chai ya saa nne."

Hilo sikulibishia. Kesho yake klabu ikasimamisha kila kitu. Walimwita Kauã, wakampigia mkalimani kwa simu, wakamwuliza kama aliwahi kufungwa, kama ana kesi, kama kuna watu wabaya wanaomfuata. Majibu yake hawakuyaamini. Alirudi nyumbani uso umemshuka, akapanda chumbani, nikasikia zipu ya begi. Alikuwa anapanga nguo. Alishawahi kusimama kwenye ukumbi jina lake lisisomwe, na alijua namna ya kupanga begi. Niliumia sana. Nilimkasirikia mke wangu, na nilivyomwona kakaa ngazini nje ya mlango wa yule kijana, sahani ya wali mapajani, hasira ikanishinda kuibeba.

Jumapili ikafika. Nikamwambia Kauã, "Leo nakupeleka mimi kwa gari." Nilitaka kuliona hilo gereza kwa macho yangu. Mke wangu akatokea kavaa baibui lake la heshima, kabeba sufuria la pilau kalifunga kwa kitambaa.

"Hilo la nini?"

"La mfungwa. Tutakwenda mikono mitupu?"

Kauã akatuelekeza mpaka Shard End, nyuma ya safu ya maduka, kwenye ukumbi wa matofali wenye mlango wa buluu. Ngoma zilikuwa zinasikika tangu kwenye maegesho. Mlangoni kasimama bwana mmoja mnene wa suti ya kijivu, akamkumbatia Kauã, wakasemezana Kireno, kisha akatugeukia kwa Kiswahili cha Kongo. "Karibu papa, karibu mama. Mimi ni Valère. Huyu Kauã ni mutoto yetu hapa, anapigaka ngoma muzuri sana."

Mke wangu hakuwa na muda wa salamu ndefu. "Ahsante, baba. Mfungwa yuko wapi?"

"Mufungwa?"

"Aliyefungwa. Nimemletea pilau kabla halijapoa."

Valère akamtazama, akanitazama mimi na kofia yangu, akalitazama sufuria. "Mama, hapa hakuna mufungwa. Hapa ni kanisa."

"Yeye kasema gereza."

Nikaona uso wa yule bwana unavimba. Alijaribu kujizuia, mtu wa Mungu, lakini hakuweza. Alikaa Luanda miaka mingi kabla ya kuja huku, Kireno anakijua. "Igreja, mama," akasema akishika mlango asianguke. "Igreja ni kanisa."

Kwetu Forodhani ile Ngome Kongwe wazee waliiita Gereza, na wasomi husema Wareno walikuwa na kanisa lao palepale. Mimi si msomi. Ninachojua ni kwamba hilo neno liliingia Unguja likiwa kanisa, likatoka likiwa jela, na mke wangu karibu amfunge mtu nalo. Nilicheka mpaka nikaomba kiti, wakaniletea, nikakaa kanisani na kofia yangu na machozi yananitoka.

Valère akamweleza Kauã yote, tangu jina. Kijana hakucheka. Alimgeukia Mwanakhamis, akasema kitu taratibu.

"Anauliza," Valère akatafsiri, "mama ulizani ameua mutu, na ulikuwa unamupikia kila siku?"

"Mwambie ndiyo," akajibu mke wangu. "Kwani aliyeua hali chakula?"

Kauã akamwinamia akamkumbatia, na sufuria katikati yao. Baada ya ibada wale Wakongo walilimaliza pilau mpaka ukoko.

Alhamisi Mwanakhamis alikuwa klabuni kabla ya walinzi, mimi nyuma yake. Hakuna aliyemwita. Aliwaeleza Pallavi na mkubwa wake habari nzima, meza, kopo, parafujo, gereza. Pallavi alilazimika kutoka nje. Mkubwa hakucheka, alimpigia Valère simu, akauliza maswali yake, akaweka simu chini. Halafu akamwuliza mke wangu, basi kwa ujumla ni kijana wa namna gani?

"Nipe mimi kama nyinyi hamumtaki," akasema.

Wakamwita Kauã, wakamwekea mkataba wa miaka mitatu mbele yake. Mama yake alikuwa kwenye kioo cha simu kutoka Minas, kavaa aproni ya kazini, analia. Kauã akatia saini. Mke wangu alipiga vigelegele ndani ya ofisi ile mpaka watu wakafungua milango ya jirani. Nilikuwa na furaha mimi, furaha ambayo sijaipata tangu Muzamil azaliwe.

Tukiwa tunaagana, Pallavi akasema, kwa wema kabisa, kwamba Jumamosi gari la klabu litakuja kuchukua vitu vyake. Mchezaji wa kulipwa halelewi na familia. Anapewa fleti yake karibu na uwanja wa mazoezi, ndio utaratibu.

Hakuna aliyekuwa ametuambia. Mwanakhamis akauliza nani atamwamsha. Pallavi akasema watu wazima hujiamsha. Mke wangu akaitikia kwa kichwa, akatengeneza mtandio wake, akatangulia nje.

Jumamosi walichukua vitu vyake. Juma zima lililofuata nilimsikia mke wangu asubuhi anaongea na friji.

Jumapili baada ya adhuhuri tulikuwa mezani, wali umepakuliwa, mvua inanyesha. Mlangoni ikabishwa hodi. Nikachungulia dirishani: Kauã, na shati lake la kanisani, kasimama wima kama mkusanya michango. Nikainuka nikafungue.

"Kaa," akasema mke wangu.

"Mtoto ananyeshewa, Mama Muzamil."

"Mtoto ana ufunguo. Aliponirudishia niliukataa. Anayebisha hodi ni mgeni, na mimi leo sikualika mgeni."

Akabisha tena, taratibu zaidi. Nikakaa. Mwanakhamis alikuwa anautazama wali. Hodi ya tatu haikuja, nikaamini kijana kageuka kaondoka, na nikamchukia mke wangu kwa dakika ile kwa roho yangu yote.

Kisha ufunguo ukazunguka kwenye kitasa.