Hodi ya Tatu

Mama yangu mdogo alikuwa mtunzi wa michezo ya redio, wa kwanza niliyemjua, na mpaka leo sijamwona wa kumshinda. Miaka ya baadaye maneno yake yalisemwa kwenye sinema na televisheni, lakini wangu mimi ni yule wa kwetu Vitongoji, Pemba, aliyekuna nazi huku akijisemea peke yake, mara mume, mara mke, mara kadhi. Majirani walidhani ana shetani. Bibi, mama yake mzazi, alidhani ana uvivu.

"Kutunga ni kusema uongo," Bibi alimwambia. "Ntasikiliza mmoja tu. Ukiwa upuuzi, basi, kalamu waiweka."

Mchezo wenyewe ulikuwa wa kijana aliyegombana na mamake, akahama, kisha akarudi kuomba radhi. Anapiga hodi. Mama yumo ndani, kanuna, hajibu. Hodi ya pili, kimya. Na kwetu kila mtu anajua kuwa hodi ni tatu. Ya tatu isipoitikiwa, mgeni hugeuka akaenda zake.

Bwana wa redio kule Unguja alitaka kuujaza ule ukimya wa baada ya hodi kwa muziki, wasikilizaji wasije wakadhani mitambo imeharibika. Mama mdogo, ambaye kwa haya zake hata muuza samaki hakumtazama usoni, alimjibu kwamba Pemba hakuna mlango unaopiga fidla. Ukimya ukabaki. Nampenda kwa jibu lile peke yake.

Siku ya kutangazwa tulijaa kwa mjomba, mwenye redio. Bibi alikaa mkekani, uso kaukunja, tambuu mdomoni. Mama mdogo alikaa kizingitini.

Hodi ya kwanza ikaja. Ya pili. Bibi akaacha kutafuna. Ya tatu ikaja kwa sauti ndogo, ya mtu aliyekwisha kukata tamaa, kisha ukimya wenyewe, mrefu. Zikaanza kusikika hatua za kuondoka.

"Karibu, mwanangu," Bibi akaita, keshainuka. "Usende, nnakuja."

Hakuna aliyecheka, hata mimi ninayecheka msibani. Mchezo uliishia pale. Bibi alirudi kitako taratibu, akafuta macho kwa upindo wa kanga, akamgeukia bintiye.

"Tunga mwengine," alisema. "Na humo arudi, yule mtoto. Miye nshamwitikia."