Baba, Vidonge na Lumbesa

Nikiukumbuka msimu ule wa kufukia majani, natamani urudi, hata na ugonjwa wangu wote.

Miezi michache kabla yake, mimi na vijana wenzangu tuliandamana Sumbawanga mjini kupinga lumbesa, yale magunia ya mahindi ambayo wanunuzi huyajaza pomoni, wakayashonea kilemba juu ili yabebe zaidi, halafu mkulima akalipwa bei ya gunia la kawaida. Nilikuwa sijalala siku kadhaa. Nilijiona nina nguvu za ajabu, na redio za madukani nilizisikia zikinisema mimi. Wenzangu waliniona shujaa. Polisi walipotukamata, baba alikuja kituoni mbio, kofia mkononi.

"Afande, huyu mwanangu ni mgonjwa wa akili. Msiyatie maanani maneno yake."

Aliniokoa, na papo hapo akanimaliza. Hospitali walikubaliana naye, nikapewa vidonge. Usingizi ulirudi, lakini kila nilipofungua mdomo kuhusu lumbesa, vijana wa mtaani kwetu Malangali walicheka: "Mshikaji, leo umemeza dawa?" Iliniuma kuliko kupigwa rungu. Ugonjwa ulikuwa wa kweli, na lumbesa ilikuwa ya kweli. Kwa nini kimoja kilazimike kukifuta kingine?

Nilimuuliza baba hivyo hivyo. Alinipa jembe. Mvua zilikuwa zinaishia, udongo bado laini, na ndipo sisi Wafipa tunapogeuza majani na kuyafukia kwenye matuta ya duara, yaoze yawe mbolea. Kila asubuhi alinipa kidonge na uji wa ulezi, wala hakunikagua mdomo kama nesi. Tulilima tukiongea Kifipa, akinitania kwamba matuta yangu yamekaa kilevi. Nilikuwa na amani ambayo sijaipata tena tangu tumzike.

Mahindi yaliyopandwa mwanzoni mwa mvua yalipokauka tukavuna, na mnunuzi akaja nyumbani na sindano na kamba yake. Mimi nilimshikia magunia. Baba aliliangalia gunia la kwanza likirefushwa, akalikamata shingo.

"Fungua."

"Mzee, wote wanauza hivi. Au kijana wako amekuambukiza?"

"Kijana wangu anaumwa, ndiyo. Na gunia hili limezidi. Fungua!"

Mnunuzi aligoma, akaondoka zake. Tukayarudisha mahindi yetu ndani, baba amenuna kwa kukosa mteja, mimi nyuma yake nikilia kwa furaha.