Kikohozi cha Kuanzia

Bendi yetu haikuwahi kuhesabu moja, mbili, tatu. Mwimbaji wetu alikohoa mara moja, kikavu, nasi tukaanza: ngoma zangu, kayamba, zumari na gitaa. Desturi hiyo ilizuka siku ya mazoezi nyuma ya gereji huko Mtopanga. Vumbi la msasa lilimpalia, nasi tukaingia wimboni kwa pamoja bila kutazamana. Tangu hapo ikawa ndiyo sheria yetu.

Miaka kumi na sita tulipiga nyimbo za Kimijikenda harusini, hotelini, na kwenye mikutano ya wanasiasa waliotusahau wakishachaguliwa. Meneja hatukuwa naye. Nyimbo tulizirekodi wenyewe na kuziuza wenyewe. Watu walituita wakaidi, nami niliona ni sifa.

Mwaka wa mwisho mwimbaji alianza kukohoa ovyo. Harusini Kiembeni, bibi harusi akilishwa keki na ukumbi umetulia, akakohoa. Tukaanza kupiga. Akatuinulia mkono kutuzuia, akakohoa tena, nasi tukaongeza mwendo. Ukumbi mzima ulicheka. Yeye pia alicheka, leso mdomoni.

Nyuma ya jukwaa nilimkaripia. "Bwana wee, ukitaka kukohoa toka nje. Watuharibia kazi."

"Haya, nimesikia."

Kweli, akawa anatoka nje. Nilifurahi kwamba mara moja katika maisha yake amenisikia.

Alipopelekwa hospitali, mapafu yalikuwa yamekwisha. Hakumaliza mwezi.

Matangani kwake, Utange, mkewe alinikuta nikipasha ngoma motoni ili ngozi zikaze, maana kwao marehemu huagwa kwa mwanzele, ngoma ya matanga.

"Shemeji," akasema, "nyinyi ndio mlokuwa mkimsikia kila siku."

Hakusema kwa ubaya, na hilo lilikuwa baya zaidi. Niliitikia naam, nikaendelea kugeuza ngoma. Nilijua ilinipasa kulia. Sikuhisi kitu ila joto la moto magotini.

Tulijipanga uani. Wafiwa wakatungoja, nasi tukangoja. Hakuna aliyeanza. Nilitazama mbele yetu, mahali alipozoea kusimama, pana kiti cha plastiki na sufuria ya chai.

"Hesabu basi," mpiga gitaa akaninong'oneza.

Nilifungua kinywa, hata ile "moja" haikutoka.

Ndipo moshi wa kuni ulipompalia mama mmoja kwenye jamvi la wanawake, akakohoa. Mikono yangu ikapiga yenyewe. Kayamba, zumari, gitaa, wote tuliingia pamoja, sawasawa kabisa. Watu wakainuka kucheza. Mama yule akakohoa mara ya pili, na ya tatu.

Nikasimamisha ngoma. Wenzangu wakanyamaza mmoja mmoja, uani watu wakibaki wamesimama wakinishangaa. Nilivuka uwanja mpaka jamvini, nikachutama mbele yake.

"Mama, kifua chakusumbua tangu lini?"