Mrija wa Mama Mdogo Daforoza

Nilipokuwa mtoto huko Mwakiro, mdomo ndio ulikuwa polisi wa nyumba. Bibi, mama yake baba, alitufundisha kwamba anayeonja pombe ya karamu kabla ya wakubwa hutoka vidonda mdomoni, vile vya majimaji vinavyojipanga ukingoni kama punje za mtama, na hapo hana la kubisha. Mimi shule niliishia darasa la tatu. Hilo nililishika kuliko hesabu.

Mama alijifungua mtoto wa kiume. Mdogo wake, mama mdogo Daforoza, akaja kutoka Gitega kufua na kupika mpaka siku ya nane, siku ya kumtoa mtoto nje majirani wamwone. Bibi akaweka mtungi wa maji ya ndizi kwenye kona, ugeuke pombe ya siku hiyo. Siku ya kwanza maji yale bado ni matamu, hayajawa pombe. Nikaokota mrija, nikanyonya hadi tumbo likauma.

Kesho yake Bibi akafunua mtungi, akaona umepungua. Kugeuka, anamwona Daforoza, aliyekuwa amefika na homa, mdomo umejaa vidonda.

"Yoo! Umetoka Gitega yote hiyo kuja kuniibia?"

"Mama, mi sijagusa mtungi. Hii inanirudiaga kila nikipata homa."

"Homa inakujua we peke yako? Na mtoto, mbona humbusu? Sisi wote tumembusu, we unageuza shingo. Iko roho mbaya hiyo!"

Daforoza akarudi kwenye nguo alizokuwa anafua. Hukumu ikatoka: siku ya nane, kabla wageni hawajafika, aondoke. Kwetu kufukuzwa kwenye mtungi ni kufukuzwa kwenye watu. Majirani wa kilima kizima wangejua, na maneno yangefika Gitega kabla yake, kwa wazazi wa mchumba wake. Toka siku hiyo alikula sahani yake peke yake. Kigoda alichokalia Daforoza, Bibi alikisugua kwa majivu kila mwenzake alipoinuka. Pombe ya zamani iliyobaki nyumbani alipewa kwenye kibuyu chake, kwa mrija wake. Kumnyima kabisa Bibi hakuthubutu, asije akasema kwao tuna uchoyo.

Na mimi? Nilijipapasa mdomo asubuhi na jioni. Laini. Nikajua polisi amelala. Basi jioni ya siku ile ile ya hukumu nikarudi mtungini. Daforoza alikuwa ametoka tu kunywa, akachomeka mrija wake ukutani, ungali unadondosha mate na pombe. Mwingine sikuuona karibu. Nikachukua huo huo. Mwizi hachagui.

Siku ya saba niliamka na homa, mdomo unawaka kama nimelamba pilipili. Bibi akanishika kidevu, akanigeuza kwenye mwanga wa mlango.

"Kumbe wezi ni wawili!"

Ningeweza kumwachia neno hilo. Aibu ya wawili ni nyepesi. Lakini Daforoza alikuwa anafunga nguo zake kwenye kitenge, taratibu, kama mtu anayekunja za marehemu. Nikaanza kulia.

"Ni mi peke yangu, Bibi. Mara mbili. Mara ya pili nilinyonya na mrija wake."

Daforoza akaacha kitenge. "Na mara ya kwanza, mdomo wako ulitoka kitu?"

"Hapana."

"Umesikia, Mama? Wizi haukumtoa kidonda. Ni mate yangu. Nesi mmoja kule Gitega aliniambia: hii inapita mdomo kwa mdomo, ama kwa mrija, kwa kikombe, kama mate hayajakauka. Kigoda umekichubua bure. Lakini kumbusu mtoto mchanga alinikataza kabisa, ati inaweza kumuua. Ndiyo maana simbusu."

"Sasa mbona hukusema?"

"Ungenisikia?"

Bibi alimtazama mtoto mgongoni kwa mama, akamtazama tena Daforoza. Kwetu mkubwa haombi msamaha.

"Fungua hicho kitenge," akasema. "Ndizi za kesho nani atamenya, mi?"

Mimi nilichapwa, na nilistahili. Siku ya nane mzee mmoja jirani alimwona Daforoza na kibuyu chake, wengine wote wakinyonya mtungi mmoja, akauliza kama kuna ugomvi nyumbani. "Kunywa, mzee," Bibi akamjibu, "huyu anajua kuliko wewe." Daforoza alikuwa amekaa katikati ya watu.

Leo naishi Magarama, mtaa wa Gitega, na mi ni bibi. Vidonda vinanirudia nikipigwa na malaria; siku hizo wajukuu nawasalimia kwa mbali, na kikombe changu naosha mwenyewe kwa sabuni. Imani ya Bibi nimeifikiria sana. Siwezi kusema haikukamata mwizi. Ilimkamata, na hapo ndipo ubaya wake: ingekosea kila siku tungeitupa mapema.

Ila Daforoza alikubali kuitwa roho mbaya siku zote zile kuliko kuweka mdomo kwenye shavu la mtoto wa dada yake. Mtoto yule leo ana mvi na maneno mengi. Nimeshamwambia: sisi tuliokubusu tulijifurahisha wenyewe. Aliyekupenda ni yule aliyegeuza shingo.