Shemeji Yangu na Kura za Mkoa Mzima

Shemeji yangu ni kinyozi, na mdomo wake hufanya kazi kuliko mashine yake. Anajua kwa nini bei ya saruji imepanda, timu ya taifa ilikosea wapi na mvua itanyesha lini. Mvua isiponyesha, husema imechelewa, hasemi amekosea. Watu walimpachika jina la Mkoa Mzima kwa sababu hawezi kusema "nadhani" kama binadamu wengine. Yeye husema, "Mkoa mzima unajua hivyo." Mimi ni mdogo wa mke wake, kwa hiyo nina ruhusa ya kumtania, na ruhusa hiyo sijawahi kuiacha ilale njaa.

Nyumba yao ina vyumba viwili vya biashara. Cha mbele kinatazama barabara na kina dirisha pana la kioo. Humo Mkoa Mzima hunyoa. Cha nyuma hakina dirisha hata la kupitisha paka. Kina taa moja inayoning'inia kwenye waya, na chini ya taa hiyo dada yangu husuka nywele, nami humsaidia. Ili mwanamke afike kwetu, ilikuwa lazima apite katikati ya wanaume waliojipanga kwenye mabenchi wakisubiri zamu. Akipita, wote kimya. Akishaingia nyuma, kicheko. Wengine walikuwa wakifika mlangoni, wanachungulia, kisha wanakumbuka kwamba wana shughuli kwingine.

Dada alianza kuomba chumba cha mbele tangu harusi yao haijapoa.

"Mke wangu," Mkoa Mzima humjibu, "mwanamke akitaka kusuka, hata pangoni atakufuata."

"Basi nenda wewe pangoni," dada humwambia, na mambo yanaishia hapo. Nyumba mume aliachiwa na baba yake, na uamuzi wa nani akae wapi ulikuwa wake. Dada angefanya nini? Alirudi nyuma akasuka.

Sasa, njoo uone uchaguzi unapokaribia. Mkoa Mzima alikuwa na desturi yake. Aliweka makopo mawili ya poda chini ya kioo, moja la chama cha Ngazi, jingine la chama cha Birika. Mteja akishakaa kitini na shuka limefungwa shingoni, anapewa njiti ya kiberiti na kuulizwa, "Mkoa wetu unampa nani urais?" Njiti inaingia kwenye kopo mbele ya macho ya wote. Jioni kinyozi anamwaga njiti mezani, anazitazama kama daktari anayesoma picha ya mapafu, kisha anatoka kibarazani kuutangazia mtaa hali ya mkoa. Uchaguzi uliopita alipatia. Na ule wa kabla yake. Mimi niseme ukweli, zile zilikuwa chaguzi ambazo hata mbuzi angezitabiri, lakini sifa zikishamwingia mtu kichwani hazitoki kwa maji baridi.

Safari hii mambo yalikuwa na moto. Chama cha Ngazi kiliahidi kujenga uwanja mkubwa wa mpira mkoani kwetu. Chama cha Birika kiliahidi maji ya bomba. Katika chumba cha mbele hakukuwa na mazungumzo mengine ila uwanja: utaingiza watu wangapi, nyasi zitatoka wapi, jukwaa la heshima litakaa upande gani. Kopo la Ngazi likajaa hadi njiti zikasimama. Kopo la Birika lilikuwa na njiti chache, na nyingine kati ya hizo aliziweka mzee mmoja asiyesikia vizuri.

Dada alikwenda mbele kuchukua kitana, akayatazama makopo.

"Baba watoto, humu mna vichwa vya wanaume watupu."

"Kwani kinyozi anyoe nani?"

"Nakuambia tu. Wanawake nao wanapiga kura."

"Wanapiga," akasema Mkoa Mzima, akipuliza nywele kwenye mashine, "lakini wanapiga kama waume zao."

Nyuma tulikuwa na wateja watatu. Mmoja alicheka mpaka nikashindwa kuushika msuko wake. Mwanamke anayepanga foleni ya maji kabla jua halijatoka, ndoo mbili na mtoto mgongoni, unamwambia habari za jukwaa la heshima! Nilitaka niende mbele nikamweleze shemeji mambo mawili matatu. Dada akanishika mkono.

"Mwache," akasema. "Sikio la kufa halisikii dawa."

Basi mtangazaji wa redio ya mkoa, ambaye naye hunyolewa palepale, akaona kipindi kimejileta chenyewe. Akamwalika Mkoa Mzima studio, asubuhi, wakati kila nyumba imefungua redio. Sisi tulikuwa nyuma, mikono kichwani mwa mwalimu mmoja wa chekechea, tumetega masikio. Mkoa Mzima akamwaga takwimu zake. Mkoa huu ni wa Ngazi, akasema, asubuhi na mapema, hata kuhesabu ni kujisumbua.

"Na ukikosea, fundi?" mtangazaji akauliza.

Asubuhi hiyo hiyo, shemeji akiwa anafunga tai, dada alikuwa amemwomba tena chumba cha mbele, na nadhani neno lilikuwa bado limemkaa kooni.

"Nikikosea," sauti ya shemeji yangu ikasema kwa mkoa mzima, "mimi nahamia chumba cha nyuma, mke wangu anakaa mbele. Moja kwa moja!"

Dada akakaza msuko. Mwalimu wa chekechea akapiga ukelele.

"Samahani, mwalimu," dada akasema. Hakuwa anacheka. Wengine wote tulicheka siku ile, redioni, kibarazani, sokoni, lakini yeye alikuwa ameshika kitana kama mtu aliyeambiwa kwamba mgonjwa wake huenda akapona. Hapo ndipo nilipojua chumba kile alikuwa anakitaka kiasi gani.

Siku ya kupiga kura, Mkoa Mzima alivaa suti yake ya harusi, ambayo siku hizi hufungwa kifungo kimoja tu kwa huruma ya Mungu. Alitoka akiinua kidole chenye wino kama amemfunga mtu goli. Kwenye foleni ya wanawake, watu wasiotujua walikuwa wanamsalimu dada. "Mama Chumba cha Mbele, hujambo?" Mmoja mwenye ndoo begani akasema, "Tupo pamoja, dada yangu." Sitaki kusema kuna mtu aliyempigia mgombea urais kura kwa ajili ya chumba cha msusi. Watu wana akili zao, na maji ni maji. Nasema tu nilichokisikia foleni.

Matokeo ya mkoa yalitangazwa keshoye asubuhi. Chumba cha mbele kilijaa, mabenchi hayakutosha, redio ikawekwa juu ya kabati la taulo. Sisi tuliacha mlango wa nyuma wazi. Msimamizi wa uchaguzi wa mkoa alikuwa mtu wa taratibu zake: anasoma wilaya moja, anakunywa maji, anakohoa, anafungua karatasi. Wilaya ya milimani ikaenda kwa Ngazi. Chumba cha mbele wakapiga makofi. Wilaya ya mashambani ikaenda kwa Ngazi pia, lakini kwa kura chache kuliko walivyotarajia, na makofi yakawa ya adabu. Dada alikuwa amesimama mlangoni, kitana mkononi.

"Mke wangu," Mkoa Mzima akasema bila kugeuka, "pole sana."

"Asante," dada akasema.

Ikabaki wilaya ya mjini, yetu, yenye watu wengi kuliko hizo mbili pamoja. Msimamizi akanywa maji. Akakohoa. Fundi seremala mmoja kati ya waliojaa mbele akaiambia redio, "Baba, hilo koo litakauka lini?" Kisha ikasomwa. Birika walikuwa wameizoa wilaya ya mjini wakaufunika mkoa wote. Hakuna aliyepiga makofi mbele. Nyuma tulipiga vigelegele mpaka taa ikayumba.

Wanaume wakaanza kutazamana. "Wewe si uliweka njiti ya Ngazi?" "Niliweka, na nilipiga Ngazi!" "Mimi pia!" "Sasa hizi za Birika zimetoka wapi?" Walisema kweli, maskini. Wote walipiga kama walivyosema. Mmoja baada ya mwingine wakawaza kuhusu wake zao nyumbani, na mmoja mmoja wakakumbuka kwamba wana shughuli kwingine.

Jioni yakaja matokeo ya nchi nzima. Ngazi wameshinda urais. Mkoa Mzima aliruka kutoka kitini.

"Nchi imekubaliana na mimi! Mmesikia? Nchi nzima!"

"Baba watoto," dada akasema taratibu, "nchi haina chumba cha mbele. Wewe uliahidi mkoa."

Alijaribu kukwepa. Mungu anisamehe, lakini nilifurahi kumwona akijaribu. Kwanza kiti kilikuwa kimefungwa sakafuni kwa nati zilizoshika kutu. Nikaleta spana. Kisha kioo kilikuwa kizito. Seremala akaja na ndugu yake. Kisha wateja wangemkosaje? Nikamkumbusha, "Shemeji, mwanamume akitaka kunyolewa, hata pangoni atakufuata." Hata yeye alicheka. Ahadi ni deni, na hii mashahidi wake walikuwa kila mwenye redio. Wakabadilishana vyumba mchana kweupe, mtaa mzima ukitazama, na dada akaweka kiti chake cha kwanza karibu na dirisha lile pana.

Mteja wa kwanza wa kinyozi katika makao mapya alikuwa seremala. Aliingia akipita katikati ya wanawake sita waliokaa kwenye mabenchi. Wote kimya. Alipofika nyuma, tukacheka. Sikusema tulikuwa watu wema.

Baada ya muda tukasikia, "Fundi, unanikata!"

"Tulia, kichwa chako kina kivuli."

"Kivuli ni cha humu, si cha kichwa changu!"

Seremala akatoka na upande mmoja umepanda kuliko mwingine. Mkoa Mzima akatoka nyuma yake, akasimama mlangoni, anapepesa macho kama mtu aliyetoka kisimani. Akaitazama ile taa, akalitazama dirisha la mbele, akaitazama taa tena. Kesho yake kabla hatujafungua nikakuta vumbi limejaa hadi barabarani. Alikuwa ameazima nyundo na patasi kwa seremala, anatoboa dirisha kwenye ukuta wa nyuma.

Hasira niliyoipata siku ile siwezi kuieleza vizuri. Dada yangu alikaa kwenye giza lile miaka nenda miaka rudi, kichwa kinamuuma kila jioni, sindano anaitia uzi kwa kupapasa. Yeye amekaa siku moja, ukuta umeanguka! Nilikwenda na ufagio mkononi nimwambie, na safari hii dada hakunizuia. Alinitangulia. Alisimama mbele ya lile tundu, mwanga wa asubuhi unaingia mpaka kwenye kona ambayo tulikuwa hatujawahi kuiona rangi yake.

Mkoa Mzima akaweka nyundo chini. Alikuwa mweupe kwa vumbi toka nywele mpaka nyusi.

"Huku hakuonekani kitu," akasema.

"Najua," dada akasema.

"Ulikuwa unasukaje?"

"Hivyohivyo."

Akajipangusa vumbi usoni kwa mkono wa shati. Kisha akasema, "Nisamehe, mke wangu," kwa sauti ndogo, si ile ya kibarazani. Hasira yangu ikanitoka, nikabaki nimesimama kama mjinga na ufagio.

"Nimewauliza watu wote wa mkoa huu wanataka nini," akaendelea, "wewe sijakuuliza hata siku moja. Haya. Unataka nini?"

Dada akatazama nje kupitia lile tundu la ukuta, akajifuta macho kwa kanga, akacheka kidogo.

"Ngoja kwanza nifikiri," akasema. "Kuomba nimezoea. Kuulizwa ndiyo mara ya kwanza."

Mkoa Mzima akavuta kigoda, akakipangusa vumbi, akakaa kusubiri.