Mafuta Aliyopakwa Burito

Nyamburi hakuyachagua mafuta ya nazi. Mwaka 1974, mwaka wa kuhamishiwa vijijini na mwaka wa njaa, mafuta ya pamba yalikuwa yamekwisha katika duka la kijiji chao, karibu na Kiabakari, na ng'ombe walikuwa wamekauka maziwa. Nyumbani kwake lilibaki nusu debe la mafuta ya nazi ambalo mumewe, Burito, alirudi nalo kutoka mashamba ya mkonge Tanga.

Burito alirudi mgonjwa, akafa mwezi uleule. Katika ukoo wao maiti hupakwa samli kabla ya kuzikwa. Samli haikupatikana, wazee wakampaka mafuta ya nazi. Waombolezaji wote waliisikia harufu ile kwa mara ya kwanza siku hiyo.

Njaa ilipozidi, Nyamburi alinunua sato kwa mchuuzi wa baiskeli kutoka Musoma, akabandika karai kando ya njia ya kwenda shamba la kijiji. Faida ya samaki ndiyo ingewalisha watoto wake watatu. Watu walikuja mbio, kisha wakasimama.

"Mama Mayala," alisema jirani yake, Wankyo, ameziba pua, "hapo unakaanga sato au unamkaanga shemeji?"

Watu wakacheka. Hakuna aliyenunua.

"Ni nazi tu, Wankyo. Pwani wanapikiaga kila siku."

"Pwani hawakumzika Burito." Safari hii Wankyo hakucheka.

Silasi, mwenyekiti wa kijiji, alimwamuru ayamwage mafuta yale.

"Nikimwaga, mzee, utanipa ya kukaangia?"

Silasi akaondoka zake.

Nyamburi aliwaacha watoto kwa mama mkwe, akabeba debe hadi Mwisenge, Musoma. Huko hakuna aliyemjua Burito, na samaki waliisha kila siku. Akawatumia watoto unga. Ukarudishwa ukiwa umefungwa vilevile: mama mkwe hakutaka chakula kilichotokana na mafuta ya mwanawe. Akatuma tena, ukarudishwa tena. Wiki hiyo Mbuke, mtoto mdogo kuliko wote, alikufa kwa njaa.

Baada ya mazishi Nyamburi aliwataka waliobaki. Mayala, mkubwa, alibeba nguo zake akamfuata. Wanzagi alishika gauni la bibi yake.

"Njoo, mwanangu. Kwangu kuna chakula."

"Sitaki. Unanuka kama baba."

Nyamburi alimwacha kwa bibi yake.